Sauti ya Kuazima: Lysias wa Athens na Waandishi wa Hati za Mahakama Shinyanga na Geita

Ikisiri

Watafiti wa Kiswahili wamezoea kuyasoma majalada ya mahakama kana kwamba ndimo mwananchi wa kawaida anamojisemea. Makala haya yanaihoji dhana hiyo kwa kupitia maisha na kazi ya Lysias, mwandishi wa hotuba za mahakamani wa Athens ya karne ya 5 na ya 4 KK, na kwa kumweka kando ya waandishi wa hati wanaowahudumia wadai wa Shinyanga na ukanda wa dhahabu wa Geita. Hoja kuu ni kwamba Lysias alijificha ndani ya sauti ya mteja, ilhali mwandishi wa hati wa Usukumani humpandisha mteja hadi kwenye sauti ya mahakama. Tofauti hiyo haitokani na uhodari wa mmoja na udhaifu wa mwingine, bali na jinsi haki inavyotolewa: kwa kusikia au kwa kusoma.

1.0 Utangulizi

Mahakama ya Athens na Mahakama ya Mwanzo ya Tanzania zimetenganishwa na zaidi ya miaka elfu mbili, lakini zimewahi kuwa na kanuni moja inayofanana: mwenye kesi ajisemee. Athens haikuwa na wakili wa kulipwa anayesimama badala ya mdai. Ndugu au rafiki aliweza kuzungumza baada ya mdai kumtetea, lakini kuchukua fedha kwa kazi hiyo lilikuwa kosa. Nchini Tanzania, Sheria ya Mahakama za Mahakimu ya 1963, na ile iliyochukua nafasi yake mwaka 1984, ziliwazuia mawakili kusimama katika Mahakama ya Mwanzo. Kifungu cha 33 cha sheria ya 1984 kiliacha mlango mdogo tu: katika shauri la madai, kwa ombi la mhusika, mahakama ingeweza kumruhusu jamaa yake au mtu wa kaya yake amwakilishe. Katazo lenyewe lilikuwa urithi wa mahakama za wenyeji za enzi ya Waingereza. Ni mwaka 2021 tu ndipo lilipolegezwa, na hata hapo ni pale ambapo mahakama inaongozwa na hakimu mkazi.

Panapokuwa na kanuni kama hiyo, panazuka mtu wa tatu. Haonekani mbele ya hakimu, jina lake halisomwi, lakini maneno yanayosikika au kusomwa ni yake. Wagiriki walimwita logographos, yaani mwandishi wa hotuba, na hawakumwita hivyo kwa heshima. Katika Kiswahili cha mitaani anaweza kuitwa kishoka, nalo si jina la heshima. Kati ya majina hayo mawili pana swali la kiisimu ambalo fasihi yetu ya kitaaluma imelipita haraka mno: maneno yaliyomo ndani ya jalada ni ya nani?

2.0 Mgeni aliyewaandikia wenyeji

Lysias hakuwa raia wa mji ambao mahakama zake alizifahamu kuliko wenyeji wengi. Baba yake, Cephalus, alikuwa mtu wa Syracuse aliyehamia Athens kwa mwaliko wa Pericles, akaishi Piraeus kama mgeni mkaazi: alilipa kodi, alitumikia mji vitani, lakini hakuwa na haki ya kupiga kura wala kumiliki ardhi. Ni katika nyumba ya ukoo huu ambamo Plato aliyaweka mazungumzo yake makubwa kuhusu haki na dola. Lysias akiwa kijana wa miaka 15 alikwenda Thurii, koloni la Wagiriki kusini mwa Italia, akarejea Athens yapata mwaka 412 KK. Yeye na kaka yake Polemarchus walikuwa na karakana ya ngao iliyokuwa na watumwa 120. Jambo hili lisifichwe: mtetezi huyu wa wanyonge alikuwa tajiri, na utajiri wake ulikuwa jasho la watu wasio na sauti yoyote mahakamani.

Mwaka 404 KK, baada ya Athens kushindwa na Sparta, madaraka yalitwaliwa na kundi la watu thelathini. Watawala hao waliokuwa na uhaba wa fedha waliwaandama wageni wenye mali. Polemarchus alikamatwa na kulazimishwa kunywa sumu, pasipo kushtakiwa wala kusikilizwa. Lysias alitoroka kwa kupitia mlango wa nyuma wa nyumba alimokuwa amezuiliwa, akakimbilia Megara, na kutoka huko akawasaidia wanademokrasia waliokuwa uhamishoni kwa fedha, ngao 200 na askari wa kukodiwa. Demokrasia iliporejeshwa mwaka 403 KK alipewa uraia, kisha akanyang'anywa kwa pingamizi la kiutaratibu. Hotuba yake dhidi ya Eratosthenes, mmoja wa wale thelathini, ndiyo inayokubalika kuwa aliizungumza mwenyewe kwa kinywa chake. Baada ya hapo, mtu aliyepoteza kaka, karakana na uraia alianza kuishi kwa kuwaandikia wengine.

Wahakiki wa kale walihesabu hotuba 425 zilizobeba jina lake, wakazikubali 233 kuwa ni zake kweli. Zilizotufikia ni zipatazo 34, baadhi zikiwa vipande. Inasimuliwa pia kwamba alishindwa mara mbili tu. Simulizi hilo halifai kupewa uzito mkubwa. Sifa za aina hiyo huwa hazina karani wa kuzithibitisha.

3.0 Ufundi wa kutoonekana

Plutarch anasimulia kisa cha mteja aliyeisoma hotuba yake mara kadhaa. Mara ya kwanza aliiona ya ajabu, mara ya pili na ya tatu akaiona butu, akarudi kulalamika. Lysias alimcheka na kumuuliza iwapo hakukusudia kuisema mara moja tu mbele ya waamuzi. Kisa hiki, kiwe cha kweli au cha kutungwa, kinaeleza mfumo mzima. Waamuzi wa Athens walikuwa raia wa kawaida waliopatikana kwa kura ya bahati, mara nyingi 201 au 501 kwa kesi moja. Muda ulipimwa kwa saa ya maji. Hakukuwa na mapumziko ya kutafakari wala hukumu ya maandishi; walisikiliza pande mbili, wakapiga kura. Tena walikuwa na shaka na msemaji hodari. Mtu aliyezungumza vizuri kupita kiasi alijihukumu.

Kwa hiyo Lysias aliandika Kigiriki chepesi kilichofanana na mazungumzo, na kila mteja akapewa tabia yake. Dionysius wa Halicarnassus, aliyeandika karne kadhaa baadaye, aliuona uwezo huo wa kumchora msemaji kuwa ndio kilele cha sanaa yake. Mfano mashuhuri ni utetezi wa Euphiletus, mkulima aliyemuua mgoni wa mkewe. Kisheria, kesi ilisimama juu ya jambo moja: je, alimfumania papo hapo au alimtegea? Lakini Lysias haanzi na sheria. Anaanza na nyumba ndogo ya ghorofa mbili, mtoto mchanga anayelia usiku, mke anayehamia chini ili amnyonyeshe, mlango unaolia gizani, na uso uliopakwa vipodozi ilhali kaka wa mke huyo hajatimiza siku 30 kaburini. Euphiletus anajitokeza kuwa mtu mzito wa kushuku, mwaminifu kiasi cha kuchekesha. Msikilizaji anajiuliza: mtu kama huyu angewezaje kutega mtego? Utetezi wote umo ndani ya tabia, na tabia imo ndani ya uteuzi wa vitu vidogo.

Katika hotuba nyingine, mlemavu anayetembea kwa fimbo mbili anatetea posho yake ya oboli moja kwa siku mbele ya Baraza, akitania hadi msikilizaji asahau kwamba hoja zake nyingine ni dhaifu. Msimulizi wa Kisukuma aliyezoea kumshinda mwenzake kwa kuwachekesha wazee angeutambua ujanja huo mara moja.

Hapa ndipo ulipozuka mjadala unaowahusu wanaisimu moja kwa moja. Mwaka 1968 Kenneth Dover alidai kwamba huenda hotuba hizo zilitokana na ushirikiano wa mteja na mwandishi, kwa viwango tofauti, kiasi kwamba kutafuta mtindo wa Lysias peke yake ni kazi isiyo na hakika. Stephen Usher alimjibu mwaka 1976 akitetea umiliki wa mwandishi mmoja. Dover alizidisha alipotilia shaka karibu kila kitu, lakini swali lake ni zuri kuliko jibu la Usher. Mteja alileta nini? Je, mlango ule uliolia gizani uliusikika masikioni mwa Euphiletus, au ulitoka kwenye kalamu ya Lysias?

4.0 Kutoka duara hadi jalada

Swali hilo hilo linasubiri kuulizwa katika ukanda unaoanzia Kahama hadi Geita. Dhahabu ya Geita ilichimbwa kwa kiwango kikubwa tangu miaka ya 1930 hadi mgodi ulipofungwa katika miaka ya 1960. Migodi mikubwa ya Geita na Bulyanhulu ilianza uzalishaji mwaka 2000 na 2001. Lakini wanaojaza masijala za mahakama za chini si kampuni. Ni wachimbaji wadogo, wafugaji, wakulima wa pamba na wajane.

Tuchukue mgogoro wa kawaida wa machimboni. Mwenye leseni, mwenye eneo, mwenye duara na wachimbaji wanagawana mawe kwa mifuko baada ya gharama kuondolewa. Makubaliano ni ya mdomo. Mmoja alitoa fedha za matimba ya kuzuia ukuta wa duara usiporomoke, mwingine alitoa chakula, mwingine alishuka chini. Mawe yanapopatikana, mgao unabishaniwa, na deni linafika Mahakama ya Mwanzo. Mchimbaji akilisimulia kwa Kisukuma mbele ya banamhala, yaani wazee wa kijiji, hulipanga kwa mfuatano wa matukio: siku mvua iliponyesha, nani alikuwepo mlangoni mwa duara, mifuko ilihesabiwa na nani, nani alinyamaza wakati wa kuhesabu. Kunyamaza huko ndiko ushahidi wenyewe.

Sasa hati imeandikwa, pengine kwenye duka la steshenari lililo jirani na mahakama, au na jamaa aliyemaliza sekondari, au, kwa mfungwa anayekata rufaa, na mwenzake wa gerezani mwenye elimu. Inaanza kwa kuitaja mahakama tukufu. Aya zake zimepewa nambari, na kila moja inafunguliwa na neno "Kwamba". Muundo huo si wa Kiswahili cha mazungumzo wala cha ushairi. Ni kivuli cha hati za Kiingereza ambazo kila aya yake hutegemea sentensi kuu iliyotajwa mara moja juu kabisa. Katika Kiswahili sentensi kuu imepotea na kiunganishi kimebaki kikielea, nacho kimekuwa alama ya rejista: pasipo "Kwamba", hati haionekani kuwa hati. Mgao unakuwa ubia. Kunyamaza kunatoweka, kwa kuwa hakuna nambari ya kukiweka. Mdaiwa "alikiuka makubaliano kwa makusudi", na kauli hiyo ingeweza kuandikwa juu ya mbuzi, baiskeli au kiwanja.

Ni rahisi kumlaumu mwandishi, na wanasheria humlaumu. Sheria ya Mawakili inamzuia asiye na sifa kuandaa hati za mashauri kwa malipo, na inamtaka anayeandaa hati aiandike jina lake juu yake. Sharti hilo la pili lingempendeza sana Dover. Hata hivyo, lawama hizo haziisemi sababu. Lysias aliandika kwa ajili ya masikio ya watu 501 waliomwona msemaji akiwa amesimama. Mwandishi wa Kahama au Geita anaandika kwa ajili ya jalada. Mahakama ya Mwanzo ilikuwa na wasikilizaji wake, hakimu na washauri wasiopungua wawili, na huko mdai aliweza bado kusimulia. Lakini kesi haiishii hapo. Rufaa inakwenda Mahakama ya Wilaya, ndani ya siku 30, kisha Mahakama Kuu, na huko hakuna anayemsikiliza shahidi upya. Kinachosomwa ni mwenendo wa shauri na sababu za rufaa. Mwandishi mwenye busara humvisha mteja wake sare ya mahali anakokwenda.

Ushahidi wenyewe nao unapita mikono mingi. Mzee anayezungumza Kisukuma hufasiriwa kwa Kiswahili. Hakimu huuandika kwa muhtasari wa nafsi ya kwanza, maswali yakiwa yameondolewa, hivi kwamba jibu lililovutwa kwa taabu linasomeka kama simulizi iliyotoka kwa hiari. Shauri likifika Mahakama Kuu, kwa miaka mingi lilihukumiwa kwa Kiingereza. Marekebisho ya sheria ya 2021 yaliyokifanya Kiswahili kuwa lugha ya mahakama yameondoa ngazi ya mwisho ya safari hiyo, na ni hatua ya haki iliyochelewa. Ngazi ya kwanza imebaki. Kwa bibi wa Shinyanga vijijini, Kiswahili cha "Kwamba" nacho ni lugha ya ugenini.

Si kwamba Afrika Mashariki haikuwahi kuwa na ushirikiano wa aina nyingine. Wameru walipofukuzwa Engare Nanyuki mwaka 1951, msemaji wao Japhet Kirilo alifika Umoja wa Mataifa mwaka 1952 akiwa na Earle Seaton, mwanasheria mzaliwa wa Bermuda aliyefanya kazi Moshi. Seaton alishughulika na sheria na utaratibu. Kirilo alibaki kuwa shahidi wa yale yaliyowapata watu wake. Baadaye waliandika kitabu kuhusu kesi hiyo kwa majina yao wote wawili. Hilo Lysias hakuwahi kulifanya na mteja yeyote.

5.0 Wajane

Hotuba ya Lysias dhidi ya Diogeiton ndiyo inayofika karibu zaidi na Shinyanga. Diodotus alikufa vitani akiwa ameacha mke, watoto na mali, zikiwamo talanta 5 za fedha. Mlezi wa watoto alikuwa Diogeiton, kaka wa marehemu, ambaye pia alikuwa baba mzazi wa yule mjane. Mvulana mkubwa alipokua aliambiwa kwamba urithi ulikuwa mdogo na ulikwisha kuliwa na gharama za malezi. Mwanamke hakuwa na nafasi ya kusimama mbele ya waamuzi wa Athens. Hivyo Lysias akamwandikia mkwe wake, mume wa binti yake, hotuba ambayo ndani yake mkwe anayasimulia maneno aliyoyasema mjane katika kikao cha ukoo: jinsi watoto walivyofukuzwa bila viatu wala mtumishi, na jinsi daftari la hesabu lililookotwa wakati wa kuhama nyumba lilivyoumbua uongo wa baba yake. Ni sauti iliyoazimwa mara mbili, kutoka kwa mjane kwenda kwa mkwe, na kutoka kwa mkwe kwenda kwa mwandishi. Hata hivyo ndiyo sauti yenye nguvu kuliko zote katika hotuba hiyo, kwa sababu Lysias aliliacha daftari libaki daftari.

Hans Cory, mtaalamu wa serikali ya kikoloni aliyechapisha sheria na mila za Wasukuma mwaka 1953, aliyageuza maelezo ya wazee kuwa kanuni zenye nambari. Agizo la mwaka 1963 kuhusu sheria za mila liliendeleza mkondo huo: kwa kanuni zake, mjane hana fungu katika urithi iwapo marehemu ameacha ndugu wa ukoo wake, fungu lake ni kutunzwa na watoto wake. Mbele ya wazee, kanuni ilikuwa mwanzo wa majadiliano. Ilipoandikwa, ikawa mwisho wake.

Wajane wawili wa Shinyanga waliofukuzwa na wakwe zao kwa kanuni hizo walifungua shauri la kikatiba Mahakama Kuu mwaka 2005 wakisaidiwa na mawakili. Mwaka 2006 mahakama ilikubali kwamba kanuni hizo ni za kibaguzi, lakini ikakataa kuzibatilisha. Rufaa yao ilitupwa mwaka 2010 na Mahakama ya Rufani kwa sababu ya kasoro ya kiutaratibu, kabla hoja yenyewe haijasikilizwa. Hawakufukuzwa kwa kasoro ya usemi wao. Kasoro ilikuwa ya karatasi. Shauri lilipelekwa kwa Kamati ya Umoja wa Mataifa ya Kuondoa Ubaguzi dhidi ya Wanawake, ambayo mwaka 2015 iliona kwamba Tanzania ilikiuka haki zao na kuitaka iwalipe fidia na kuzibadili sheria hizo.

Anayeyasoma maoni ya Kamati anakutana na maisha ya wanawake hao katika aya zenye nambari, kwa Kiingereza, zilizopangwa na wanasheria wa Dar es Salaam na Marekani: ndoa, kifo, mali iliyochukuliwa, mahakama hadi mahakama. Waliotetea walifanya kazi yao kwa ustadi, na bila wao hakuna ambaye angesikia. Lakini mtafiti anayetaka kujua mjane wa Kisukuma hulitamkaje shauri lake hatalipata humo, kama ambavyo asiyejua Kigiriki cha Piraeus hawezi kumsikia binti wa Diogeiton. Hotuba hiyo ya Lysias nayo isingekuwepo leo kama Dionysius asingeinukuu kama mfano wa mtindo bora. Aliinusuru kwa ajili ya mwandishi, si kwa ajili ya mjane. Ndani yake mwanamke hatajwi jina hata mara moja, kwa kuwa haikuwa adabu kumtaja mwanamke wa heshima mbele ya waamuzi. Wajane wa Shinyanga katika waraka wa Kamati wanaitwa E.S. na S.C.